Mkopo wa Nyumba: Tunalipa Nini Hasa?



Shangazi yangu anauza unga wa mahindi Kisenyi, hatua chache kutoka kwenye mashine za kusaga. Ukipita pale asubuhi utamkuta nyusi zimeshakuwa nyeupe kwa vumbi la posho. Kwa miaka 22 amekuwa mpangaji, na kwa miaka hiyo yote amebadilisha wenye nyumba wanne. Wawili kati yao walimwongezea kodi bila hata kumsalimia.

Ijumaa moja ya mwezi wa Rajabu, nikitoka kuswali Old Kampala, nilishuka mlima kumjulia hali kama kawaida. Safari hii alikuwa amenisubiri. Alitoa karatasi mbili kutoka chini ya mizani akaniwekea mbele.

"Wewe ndiye unayesoma dini chuoni, na ada mimi pia nilichangia," alisema. "Leo nifanyie kazi."

Karatasi ya kwanza ilitoka kwenye benki ya kawaida. Nyumba ya shilingi milioni 100 nje kidogo ya mji, mkopo wa miaka 20, riba ya asilimia 16 kwa mwaka, malipo ya kila mwezi shilingi 1,391,256. Karatasi ya pili iliandikwa kwa mkono na dalali wa nyumba, ambaye alitaka kumweleza jinsi murabaha ingekuwa: benki inainunua nyumba ile ile kwa milioni 100, inamuuzia shangazi kwa milioni 334, naye analipa kwa miaka 20. Ukigawanya kwa miezi 240 unapata shilingi 1,391,667 kila mwezi.

Shangazi hakusoma chuo, lakini hesabu za kutoa anazijua kuliko mimi. "Tofauti ni shilingi 411," alisema. "Haitoshi hata chapati. Sasa niambie, mtoto wa kaka yangu: kwa shilingi 411 moja ni haramu na nyingine ni halali? Kwa shilingi 411 ndiyo naingia Peponi?"

Nilifungua mdomo nimtajie dalili nilizohifadhi kwa ajili ya mtihani, nikaufunga. Dalili nilikuwa nazo, jawabu sikuwa nalo. Nilimwomba wiki mbili. Makala hii ni kazi ya wiki hizo mbili, na ninaileta kwenu kwa sababu wengi wetu tuko mwaka wa mwisho. Tukipata kazi tu, mkopo wa mshahara na mkopo wa nyumba vitabisha hodi kabla ya posa.

Tuanze na hesabu

Watu wengi wanaoulizwa gharama ya mkopo wa nyumba hutaja malipo ya mwezi. Ukiyaweza malipo ya mwezi, umeuweza mkopo. Hapo ndipo kosa la kwanza linapoingia.

Chukua karatasi ya kwanza. Shilingi 1,391,256 mara miezi 240 ni karibu milioni 334. Nyumba ni milioni 100, na zilizobaki, karibu milioni 234, ni riba. Kwa maneno mengine, shangazi atanunua nyumba tatu na sehemu ya tatu ya nyumba, kisha atapewa funguo za moja.

Kosa la pili ni kudhani kwamba deni linapungua sawasawa na unavyolipa. Mwezi wa kwanza riba ya milioni 100 ni shilingi 1,333,333. Shangazi akilipa 1,391,256, kinachopunguza deni ni shilingi 57,923 tu. Baada ya miaka 5 atakuwa ametoa zaidi ya milioni 83, na deni bado litakuwa karibu milioni 94.7. Baada ya miaka 10 atakuwa ametoa karibu milioni 167, na bado atadaiwa milioni 83. Nusu ya deni la msingi haifikiwi mpaka karibu mwisho wa mwaka wa 16. Siyo wizi wala ujanja wa siri. Ndivyo mkopo wa namna hii unavyopangwa duniani kote: riba ya mwezi hukatwa kwanza kutoka kwenye deni lote lililobaki, na makombo ndiyo hupunguza deni.

Muda nao una bei yake. Mkopo ule ule ukilipwa kwa miaka 10, malipo ya mwezi ni kama shilingi 1,675,000, na jumla ni milioni 201. Yaani kwa kuongeza takriban shilingi 284,000 kila mwezi, mtu anaepuka kulipa milioni 133. Lakini matangazo hupenda muda mrefu, kwa sababu muda mrefu huyafanya malipo ya mwezi yaonekane madogo.

Kosa la tatu ni kuamini kwamba asilimia ya leo ndiyo ya kesho. Mikopo mingi ya nyumba hapa kwetu ina riba inayoweza kubadilishwa. Tunao ushahidi wa karibu. Mwaka 2011 mfumuko wa bei Uganda ulifika karibu asilimia 30, na Benki Kuu ikapandisha kiwango chake kutoka asilimia 13 mwezi Julai hadi asilimia 23 mwezi Novemba. Benki za biashara zikafuata. Tuseme mkopo wa shangazi ungekuwa ndio kwanza umeanza, na riba ikapanda kutoka 16 hadi 24. Malipo yake yangeruka kutoka milioni 1.39 hadi zaidi ya milioni 2 kwa mwezi. Na kama angeendelea kulipa kiasi cha zamani, kisingetosha hata riba ya mwezi, ambayo peke yake ingekuwa milioni 2. Angelipa kila mwezi bila kukosa, na deni lingekua kila mwezi bila kukosa.

Tuwe waadilifu kwa upande wa pili

Nilipomweleza shangazi haya, hakukubali kirahisi. Alikuwa na hoja mbili, na zote mbili ni za kweli.

Hoja ya kwanza: "Na kodi je? Miaka 22 nimelipa kodi. Ile pesa iko wapi?" Kweli. Kodi pia ni gharama, na mwisho wake hubaki na risiti tu. Kama analipa shilingi 600,000 kwa mwezi, kwa miaka 20 ni milioni 144 hata kama kodi haitapanda, na tunajua itapanda. Anayekupa hesabu ya mkopo bila kuweka kodi kando yake hajakupa hesabu kamili.

Hoja ya pili: shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Shangazi aliisema kwa lugha ya sokoni: "Nilipoanza, gunia lilikuwa bei gani, na leo ni bei gani?" Benki Kuu ya Uganda inalenga mfumuko wa bei wa asilimia 5. Tukitumia kiwango hicho, malipo ya milioni 1.39 ya mwaka wa 20 yatakuwa na thamani ya kama shilingi 524,000 za leo. Nilizirudisha milioni 334 zote kwenye thamani ya leo nikapata takriban milioni 213. Kwa hiyo kusema "analipa zaidi ya mara tatu" ni kutia chumvi kidogo. Anayelipa hivyo analipa zaidi ya mara mbili, na hiyo yenyewe inatosha kumkosesha mtu usingizi.

Tena bei ya nyumba huenda ikapanda. Mtu anayesubiri akusanye milioni 100 anaweza kufika nazo akakuta nyumba ni milioni 200. Kwa hiyo hesabu peke yake haiamui. Kuna miaka ambayo mkopaji hufaidika, na kuna miaka ambayo huangamia, na hakuna mwanafunzi wala afisa wa benki anayejua miaka 20 ijayo ni ya aina gani. Hapa ndipo nilipoelewa kwamba swali la shangazi si la hesabu. Ni swali la maadili: mambo yasiyojulikana yakitokea, nani atayabeba?

Bei mbili za unga

Aya ya 275 ya Suratul Baqara inataja hoja ya watu waliosema kwamba biashara ni kama riba tu. Nimeisoma mara nyingi, lakini sikuwahi kugundua kwamba hoja yao ndiyo hoja ya shangazi. Wao pia waliona namba mbili zinazofanana. Na Aya haikuwajibu kwa hesabu. Haikusema namba hazifanani. Ilisema Allah (S.W.T.) ameihalalisha moja na ameiharamisha nyingine.

Muumini husikia na kutii. Lakini kutii hakumzuii mtu kutafuta hekima, na mimi hekima niliipata dukani kwa shangazi mwenyewe.

Wiki ya pili nilikaa naye kutwa nzima. Alikuja mama mmoja mwenye mgahawa, anataka gunia la kilo 50. Kabla kijana wa mkokoteni hajaliinua, shangazi aliuliza: "Taslimu au mwisho wa mwezi?" Taslimu ni 120,000. Mwisho wa mwezi ni 126,000. Mama akasema mwisho wa mwezi, shangazi akaandika kwenye daftari, gunia likaondoka.

Nikamwambia, "Shangazi, hiyo 6,000 si riba?"

Alinikasirikia kweli kweli. "Riba! Gunia ni langu. Nililinunua, nililipia usafiri, nikalilinda na panya. Mvua ya jana ingeingia, hasara ingekuwa yangu. Na nimemuuliza kabla hajalichukua."

"Na asipolipa mwisho wa mwezi?"

"Atalipa mwezi unaofuata."

"Ngapi?"

"Mia na ishirini na sita. Tulikubaliana mia na ishirini na sita. Nimwongezee kwa sababu mtoto wake aliugua?"

Ndugu zangu, hapo alikuwa amejijibu. Mafaqihi wengi wameruhusu bei ya mkopo kuwa juu kuliko bei ya taslimu, mradi pande mbili zikubaliane bei moja kabla ya kuachana. Shangazi hajasoma mlango huo, lakini kila siku anauliza swali lake kabla gunia halijainuliwa. Na majibu yake yalibeba mambo matatu ambayo mkopo wa riba hauna.

Kwanza, kitu kilikuwa chake. Kanuni ya fiqhi inafunga faida pamoja na dhamana: anayetaka kula faida ya kitu, abebe na hatari ya kitu hicho. Mkopeshaji wa riba hamiliki nyumba hata kwa saa moja. Ikiungua au ikidondoka bei, deni lake liko pale pale.

Pili, bei ilijulikana siku ya kwanza. Mama wa mgahawa aliondoka akijua shilingi ya mwisho atakayodaiwa. Mwenye mkopo wa riba inayobadilika anasaini karatasi ambayo namba yake ya mwisho itaandikwa na watu asiowajua, katika kikao asichoalikwa, mwaka ambao haujafika.

Tatu, dhiki ya mdaiwa haikugeuka kuwa pato la mdai. Hili ndilo lililonigusa zaidi. Aya ya 280 ya sura hiyo hiyo inaamrisha mdaiwa aliye katika dhiki apewe muda mpaka afarijike. Katika riba mambo ni kinyume: muda ndio bidhaa inayouzwa, na anayehitaji muda zaidi kwa sababu ameanguka ndiye anayeuziwa kwa bei ya juu zaidi. Siku ambayo mambo yanakwenda vizuri, zile karatasi mbili zinafanana. Siku ambayo mambo yanakwenda vibaya, hazifanani hata kidogo. Na sisi wa Kisenyi siku mbaya tunazijua. Soko la Owino liliungua mwaka 2009. Mwaka 2020 mji ulifungwa kwa korona. Machi 2021 Kenya ilizuia mahindi ya Uganda na Tanzania kwa sababu ya sumu ya kuvu, na kila aliyeishi kwa mahindi alilala na wasiwasi. Katika miaka 20, siku kama hizo zitakuja tena.

Sheria yetu ya Rehani ya mwaka 2009 inampa mdaiwa aliyeshindwa kulipa siku 45 za kazi za kurekebisha, kisha notisi ya siku 21 za kazi kabla ya nyumba kuuzwa. Inataka pia mwenzi wa ndoa aridhie kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani. Huo ni ulinzi, tuushukuru. Lakini chini ya kanuni za mwaka 2012, anayetaka mahakama isimamishe mnada anaweza kutakiwa aweke asilimia 30 ya thamani ya nyumba ikiuzwa kwa haraka. Mtu aliyekosa malipo ya mwezi atazipata wapi?

Lakini tusijidanganye

Kama ningeishia hapa, makala ingependeza na ingekuwa na upungufu. Maana jina la Kiarabu juu ya karatasi halibadilishi kilichomo ndani.

Tangu sheria ya taasisi za fedha ilipofanyiwa marekebisho mwaka 2016, nchi yetu imeruhusu benki za Kiislamu, na mwaka 2023 Benki Kuu ilitoa leseni kwa Salaam Bank, ya kwanza ya aina hiyo Uganda. Majirani walitutangulia: Kenya walianza mwaka 2008 na Tanzania walikuwa na Amana Bank mwaka 2011. Hii ni neema. Lakini neema huulizwa maswali pia.

Swali la kwanza: je, benki inainunua nyumba kweli? Kama inamiliki kwa karatasi tu, na mkataba unampa mteja hatari yote tangu dakika ya kwanza, basi sifa ya kwanza ya gunia la shangazi haipo. Wanazuoni wenyewe wamelikemea hili. Mwaka 2009 Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu lilikataa tawarruq ya kupangwa, ambapo bidhaa hununuliwa na kuuzwa kwenye makaratasi ili mradi pesa zipatikane. Umiliki wa kweli una gharama zake, mojawapo ni ushuru wa stempu unaoweza kutozwa mara mbili, benki inaponunua na inapouza. Uingereza waliuondoa ushuru huo wa pili mwaka 2003 ili Waislamu wasiadhibiwe kwa kufuata dini yao. Palipo na gharama kama hiyo, muulizeni afisa imelipwa na nani. Atawaeleza mengi bila kujua.

Swali la pili ni gumu zaidi, na lilinishangaza nilipolifanyia hesabu. Tuseme baada ya miaka 5 shangazi anapata urithi na anataka kumaliza deni. Kwa karatasi ya riba anadaiwa milioni 94.7. Kwa karatasi ya dalali amelipa milioni 83.5 kati ya 334, kwa hiyo kwa mujibu wa mkataba anadaiwa milioni 250.5. Hapa karatasi ya halali inamuumiza zaidi kuliko ya haramu! Dawa yake ni benki kumsamehe sehemu ya faida. Baraza lile lile liliamua mwaka 1992 kwamba kumpunguzia anayelipa mapema kunajuzu, ila kusiwe kumeshurutishwa tangu mwanzo. Kwa hiyo mteja hutegemea hisani. Muulize afisa, wateja wenu waliolipa mapema mliwafanyia nini? Jibu lake si sehemu ya mkataba, lakini ni sehemu ya gharama.

Swali la tatu: anayechelewa anatozwa nini, na pesa hiyo inakwenda wapi? Viwango vinavyofuatwa na benki nyingi za Kiislamu vinataka faini ya kuchelewa iende kwenye sadaka, isiwe pato la benki. Na je, anayechelewa kwa dhiki anatofautishwa na anayechelewa kwa ujeuri?

Swali la nne: je, upo ushirika unaopungua, yaani benki na mteja kumiliki nyumba pamoja, mteja akinunua hisa za benki kidogo kidogo na kulipa kodi kwa sehemu iliyobaki? Hapo nyumba ikipoteza thamani, kila mmoja anaumia kwa hisa yake. Naona ndiyo iliyo karibu zaidi na uadilifu, na kwa sababu hiyo hiyo benki huiogopa zaidi.

Na dharura?

Baadhi ya wenzetu hutaja fatwa ya mwaka 1999 ya Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti, iliyowaruhusu Waislamu wa huko kuchukua mkopo wa nyumba wa riba kwa sababu ya haja. Ni kweli ilitolewa, na ni kweli wanazuoni wengi waliipinga. Lakini hata anayeikubali aisome na masharti yake: nyumba iwe ya kuishi mwenyewe na familia yake, asiwe na nyumba nyingine, na asiwe na mali ya ziada ya kumwezesha kununua kwa njia nyingine. Ililenga watu waliokosa njia nyingine katika nchi zisizo za Kiislamu. Kuichukua fatwa hiyo kutoka Ulaya na kuishusha Kampala, mahali penye benki ya Kiislamu, penye nyumba za kupanga, na ambapo watu wengi hujenga kidogo kidogo, kunahitaji ujasiri ambao mimi sina.

Kujenga kidogo kidogo nako si bure. Tunaziona kuta zilizosimama miaka 10 bila paa, saruji iliyoibwa, na watu walionunua kibanja kwenye ardhi ya mailo bila kumuuliza mwenye hati. Pesa iliyolala kwenye matofali haizai. Lakini ukikwama mwaka mzima, matofali hayakudai. Yanakusubiri.

Miaka ambayo si yetu

Imebaki gharama moja ambayo haimo kwenye karatasi yoyote. Shangazi ana miaka 51. Miaka 20 inamfikisha 71. Nilimuuliza kwa adabu: ikitokea kabla ya hapo? Tunajua deni hulipwa kabla ya urithi kugawanywa. Tunajua Mtume (S.A.W.) aliletewa jeneza la mtu aliyekufa na deni asimswalie mpaka Abu Qatada alipolibeba deni lile. Tunajua pia kwamba Mtume mwenyewe alifariki deraya yake ikiwa rehani kwa ajili ya shayiri, kwa hiyo deni si aibu wala dhambi. Lakini alikuwa akijikinga kwa Allah dhidi yake, na alipoulizwa sababu, alieleza kwamba mwenye deni husema akadanganya na huahidi akavunja. Hiyo ndiyo gharama ya ndani. Deni la miaka 20 linaingia kwenye uamuzi wa kuacha kazi yenye dhuluma, kumsaidia mgonjwa, kwenda Hija, hata kusema kweli mbele ya bosi. Mtu mwenye deni kubwa ana bwana wawili, na mmoja hutuma ujumbe kila mwisho wa mwezi.

Kwa hiyo nilimjibu shangazi hivi. Karatasi ya kwanza aiache. Shilingi 411 hazihusiki. Mkataba ule unaiuza dhiki yake ya kesho kwa bei ambayo hajaambiwa, na yeye mwenyewe hawezi kumfanyia hivyo mama wa mgahawa. Karatasi ya pili inaweza kuwa halali ikiwa maswali manne yatapata majibu ya kweli. Lakini halali haina maana ya nafuu, wala haina maana kwamba ni ya busara kwake. Miaka 20 kwa milioni 334 ni mzigo hata ukibarikiwa. Bora nyumba ndogo, kianzio kikubwa, na miaka michache.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Kwa hiyo nimekulipia ada miaka 3 uje uniambie ninauza unga vizuri."

"Ndiyo, shangazi."

Alicheka, akazikunja zile karatasi, akazirudisha chini ya mizani, pale pale anapoweka daftari la madeni ya wateja. Mpaka ninapoandika haya hajaamua. Jumatatu alimpelekea dalali maswali yangu manne. Amejibiwa mawili.

Wallahu a'lam. Allah atupe makazi ya halali hapa duniani, atuepushe na deni linaloinamisha shingo, na atujaalie tukidaiwa tulipe, na tukidai tusubiri.

Mwandishi ni mwanafunzi wa mwaka wa 3, Masomo ya Kiislamu.